Boksi linalochota umeme "dimensheni ya tano": balbu ziliwakaje?

*"Mtaalamu, habari za kazi. Mimi na mume wangu tunafanya biashara ya pweza na samaki hapa Mikindani. Tuna friza mbili za kulala, na umeme ukikatika usiku kucha tunaamka tunakuta mzigo umelainika. Mtoto wa shemeji yangu katuletea kijana anayeuza jenereta isiyotumia mafuta wala jua. Anasema inavuta nishati kutoka dimensheni ya tano, inatoa kilowati 5 na haizimi milele. Ni boksi la chuma lenye soketi mbili, zito kama kilo 40, waya wake mwembamba kama wa redio, halina tundu hata moja, na lina stika inayosema ukilifungua mlango wa dimensheni unafungika. Tulishuhudia likiwasha balbu sita na TV kwa nusu saa. Ila kila Jumapili lazima lichomekwe kwenye umeme wa Luku kwa saa 6 'lijipange'. Bei ni milioni tatu na nusu, na kikundi chetu cha vikoba kiko tayari kutukopesha. Nimesoma kwenye simu kwamba wanasayansi wanakubali dimensheni nyingine zipo, na kwamba Tesla aliigundua hii nishati ikafichwa. Je, ni kweli? Na kama si kweli, balbu ziliwakaje?"*

Dada yangu, usikope. Kifaa kinachochota umeme kutoka dimensheni nyingine kipo kwenye filamu na michezo ya kompyuta tu. Hilo boksi mlilooneshwa, kwa maelezo yako mwenyewe, lina kila dalili ya betri iliyofungiwa ndani pamoja na chaja na inveta, yaani kifaa kinachogeuza umeme wa betri kuwa kama wa nyumbani. Ila umeuliza vizuri, hasa lile swali la mwisho, kwa hiyo naanza na balbu.

Balbu za LED za kawaida zinakula kama wati 9 kila moja. Sita ni wati 54. TV ya kisasa ya inchi 32 weka wati 60. Jumla ni kama wati 115, na kwa nusu saa inakuwa takriban uniti 0.06 (uniti moja ni wati 1,000 kwa saa moja). Ukinunua umeme wa Luku, hiyo ni sehemu ndogo sana ya uniti moja. Betri mbili za bodaboda na inveta ndogo zingeifanya kazi hiyo na kubakiza chaji. Na kuna ujanja wa rahisi zaidi: zile balbu za kuchaji zinazouzwa madukani kwa ajili ya giza zina betri yake ndani, na nyingine ukizigusa vidole viwili kwenye kitako zinawaka mkononi. Kama balbu zilikuja na muuzaji, basi hata hilo boksi huenda halikuziwasha.

Jambo lililonifanya nisiwe na shaka ni hiyo Jumapili. Mashine inayopata nishati kwingine haina sababu ya kula umeme wa Tanesco saa 6 kila wiki. Huko "kujipanga" ni kuchaji betri. Na hili linaweza kupimwa kwa muuzaji mwenyewe, bila kifaa chochote na bila kugombana na mtu: zima kila kitu ndani ya nyumba, soma uniti zilizobaki kwenye mita, chomeka boksi peke yake kwa hizo saa 6, kisha soma tena. Zile uniti zilizopungua ndizo chakula chake cha wiki. Hata likivuta ampea 10 mfululizo, kwa volti 230 haliwezi kumeza zaidi ya uniti 14 hivi, na betri ya kuweka uniti 14 haiingii kwenye boksi la kilo 40. Friza zako mbili zinaweza kula uniti 2 hadi 3 kwa siku. Piga hesabu ya siku saba uone nani anamdanganya nani.

Sasa huo waya. Kilowati 5 kwa volti 230 ni karibu ampea 22. Waya mwembamba wa redio kwa kawaida ni wa milimita za mraba 0.75, nao unabeba kama ampea 6 kwa usalama. Ukiupitishia ampea 22, plastiki inalainika, inanuka, halafu inawaka. Aliyeunda boksi hilo alijua kwamba kilowati 5 hazitapita hapo kamwe. Tena halina tundu. Inveta nzuri kabisa ya kilowati 5 ikifanya kazi kwa nguvu zote inapoteza wati 250 hadi 500 kama joto, ndiyo maana zina feni na mapezi ya alumini mgongoni. Boksi la chuma lililozibwa pande zote, kwa joto letu la Novemba, lingejikaanga lenyewe kabla pilau halijaiva. Chanzo cha nishati kinaweza kuwa cha ajabu kadiri mtu apendavyo kusimulia, lakini shaba inabaki shaba na joto lazima litafute pa kutokea.

Kuhusu dimensheni. Ulichosoma kina punje ya ukweli iliyofungwa kwenye gunia la maneno. Dimensheni kwenye fizikia si ghala lililojaa kitu. Ni upande wa kuelekea: mbele na nyuma, kushoto na kulia, juu na chini, na wakati tunauhesabu kuwa wa nne. Mwaka 1921 Theodor Kaluza, mwanahisabati Mjerumani, alichapisha hesabu zinazoonesha kwamba ukiongeza upande wa tano, kanuni za mvutano na za sumaku-umeme zinaweza kuandikwa pamoja. Mwaka 1926 Oskar Klein wa Uswidi akapendekeza kwamba upande huo hatuuoni kwa kuwa umejikunja na ni mdogo mno. Hesabu ni nzuri, lakini mpaka leo hakuna kipimo kilichouthibitisha. Mtambo mkubwa wa kugonganisha chembe wa CERN, ulioko mpakani mwa Uswisi na Ufaransa, umetafuta dalili za pande hizo za ziada na haukuzipata. Kutoka hapo mpaka soketi mbili za kuchomeka friza, hakuna njia.

Wauzaji wengine, wakibanwa kwenye dimensheni, hukimbilia "nishati ya ombwe": kwamba hata mahali pasipo na kitu pana nishati. Hiyo ni kweli. Hendrik Casimir wa Uholanzi alionesha mwaka 1948 kwamba bamba mbili za chuma zikisogezwa karibu sana ndani ya ombwe zitavutana, na mwaka 1997 Steve Lamoreaux aliupima mvuto huo kwa usahihi. Lakini tazama ukubwa wake. Chukua bamba mbili za mita moja ya mraba, zisogeze mpaka zibaki nanomita 10 kati yake, umbali ambao unywele mmoja unauzidi kwa maelfu ya mara. Nishati utakayopata haifiki hata nusu ya sehemu moja ya elfu ya joule (wati moja ni joule moja kila sekunde). Balbu ya wati 5 ingewaka kwa muda usiofika sehemu moja ya elfu kumi ya sekunde. Kisha, ili urudie, itabidi uzivute bamba zile zitengane, na kuzitenganisha kunakula kiasi kilekile ulichopata. Faida sifuri.

Sababu yake ni hii: nishati haitoi kazi kwa kuwepo tu, inatoa kazi inaposhuka kutoka juu kwenda chini. Bahari hapo Mikindani ina maji kupita kiasi, lakini ukizamisha pangaboi kwenye maji yaliyotulia halizunguki, kwa kuwa maji yote yako kimo kimoja. Maji yakijaa na kupwa ndipo pangaboi linapata la kufanya. Ombwe ndiyo hali ya chini kabisa ya asili, na chini yake hakuna bonde la kuyamwagia. Basi hata tukimkubalia kijana kwamba dimensheni yake imejaa nishati tele, bado angetakiwa aoneshe ni tofauti gani ya kimo inayoisukuma ije huku.

Nikola Tesla, yule mvumbuzi wa mitambo ya umeme, naye asingiziwe kwa kiasi. Mnara wake wa Wardenclyffe karibu na New York, ulioanza kujengwa mwaka 1901, ulikuwa wa kusafirisha mawasiliano na umeme bila waya. Haukuwa wa kuuzalisha. Umeme wenyewe ulipaswa kutoka kwenye mtambo wa kawaida. Fedha ziliisha na mnara ukabomolewa mwaka 1917. Na ule wimbo wa "hawataki mjue", sisi watu wa kusini tuna kipimo chake karibu. Gesi ya Songo Songo iligunduliwa mwaka 1974 na ya Mnazi Bay mwaka 1982. Ubishi kuhusu nani anufaike nayo upo na ni halali, lakini hakuna anayebisha inatoka wapi: kisima kinaonekana, bomba linaonekana, mtambo unanguruma na moshi wake una joto. Boksi hilo nalo liulizwe hivyohivyo.

Utapeli wenyewe ni mkongwe. Mwaka 1813 huko New York, Charles Redheffer alikuwa akitoza watu kiingilio waone mashine yake inayozunguka bila kulishwa chochote. Robert Fulton, yule wa meli za mvuke, akasikia kwamba mlio wake unapanda na kushuka, kama kitu kinachozungushwa kwa mkono. Akang'oa vipande vya mbao vilivyoiunganisha mashine na ukuta, akakuta uzi wa utumbo umepita ukutani mpaka chumba cha juu, ambako mzee mwenye ndevu alikuwa amekaa anazungusha kishikio. Siku hizi mzee huyo nafasi yake imechukuliwa na betri.

Najua ugumu wako hauko kwenye fizikia tu. Aliyemleta kijana ni mtoto wa shemeji, na kumwambia "mwizi" kutaleta maneno kwenye ukoo mzima. Usimwambie hivyo, na huenda na yeye kadanganywa. Mwambie mnalipa baada ya jaribio, na jaribio liwe na masharti haya. Liwekwe mahali pasipo na soketi wala waya wa Tanesco, juu ya meza ya mbao, bila waya wa kwenda ardhini. Kifaa kitakachokula umeme kiwe chenu. Msitumie pasi wala friji, kwa sababu vina kidhibiti joto kinachozima na kuwasha, na betri itapata nafasi ya kupumua. Tafuteni hita ya kutumbukiza majini ya wati 1,000, muiweke kwenye pipa la lita 100 au zaidi, na iendelee kuwaka saa 24 bila kuzimwa. Pipa likiwa la plastiki, hita isiguse ukuta wala kitako chake, na maji yasishuke chini ya alama ya hita. Hita ikiwa ndani ya maji mtu asitie mkono. Plagi ichomolewe kwanza.

Mbona saa 24? Kwa sababu hiyo ni uniti 24. Seli bora za lithiamu zinazopatikana kwa urahisi zinabeba takriban wati-saa 250 kwa kilo. Hata kama kilo zote 40 za boksi zingekuwa betri tupu, zingetoa kama uniti 10. Boksi la betri litakufa kabla hata nusu ya hizo saa 24 haijafika, na kama ni betri za risasi kama za gari halifiki hata saa mbili. Kuna njia ya kuhakikisha hita inapata nguvu kweli: kabla ya jaribio kubwa, itie kwenye ndoo yenye lita 20. Wati 1,000 kwa saa moja zinapaswa kuyapandisha maji nyuzi 40 hivi, yaani kutoka uvuguvugu wa bombani mpaka yasiyoshikika. Yakibaki ya kuogea, nguvu iliyoandikwa kwenye stika haipo. Mimi natabiri hamtafika kwenye pipa. Muuzaji atasema dimensheni haipendi hita.

Kinachonitia hofu zaidi ya hizo milioni tatu na nusu ni moto. Maboksi ya namna hii mara nyingi hujazwa seli kuukuu za lithiamu zilizotolewa kwenye kompyuta mpakato, zimeunganishwa bila kidhibiti cha kuzuia kuchaji kupita kiasi, tena chumvi ya hewa ya pwani inakula viungio polepole. Saa 6 za kuchaji ndani ya chuma kisichopitisha hewa, nyumba ambayo watoto wamelala! Kama tayari liko kwenu, litoe nje kivulini, mbali na makuti na nguo, lisichajiwe na lisifunguliwe. Ukilikuta limevimba, lina moto lenyewe au linatoa harufu tamu-kali kama ya dawa ya kuondolea rangi ya kucha, ondokeni hapo mpige 114 mwite zimamoto. Jambo jingine la hatari ni kulichomeka kwenye soketi ya ukutani ili "liilishe nyumba nzima". Umeme huo unaweza kurudi kwenye laini ya mtaa na kumuua fundi aliyepanda nguzo akidhani imezimwa.

Sasa tuje kwenye pweza, maana tatizo lako halisi halikuwa ukosefu wa umeme wa milele. Una umeme, ila kuna saa kadhaa za usiku haupo. Hilo lina dawa ya bei ndogo ambayo hakuna atakayekuuzia kwa stika.

Dawa ya kwanza ni chupa za maji ya chumvi. Chukua chupa za plastiki za lita moja na nusu, kama kumi na tano kwa kila friza. Weka gramu 50 za chumvi kwa kila lita ya maji ya bomba, au tumia maji ya bahari, ambayo yana kama gramu 35 tayari, na uongeze kijiko kimoja cha chakula kwa kila lita. Usijaze mpaka juu. Acha sehemu moja ya kumi, kwa sababu maji yakiganda yanatanuka. Zigandishe tano kwa usiku, si zote pamoja, ama sivyo friza itahangaika na samaki watapata joto. Zikishaganda zipange juu ya mzigo na pembeni. Lita 20 za namna hii zinashika baridi ya karibu uniti moja na nusu. Chumvi ina kazi yake: maji matupu yanayeyuka kwenye sifuri, na samaki analainika kabla ya hapo. Haya ya gramu 50 yanamaliza kuyeyuka karibu na nyuzi 3 chini ya sifuri, samaki akiwa bado mgumu.

Friza iliyojaa, iliyo kwenye nyuzi 18 chini ya sifuri na isiyofunguliwa, kwa kawaida inavuka usiku mzima bila umeme. Ikiwa yako inalainisha mzigo kwa usiku mmoja, kagua raba ya mfuniko. Fungia noti ya shilingi elfu pembeni ya mfuniko, halafu ivute. Ikitoka bila kubishana, raba imechoka na inabadilishwa. Hakikisha pia kuna nafasi ya sentimita 10 hadi 15 nyuma na pembeni, na pweza aliyechemshwa apoe kabisa kabla ya kuingizwa. Umeme ukikatika, funika friza kwa blanketi zito, na ulitoe ukirudi ili mashine ipumue. Weka na kikombe cha barafu chenye sarafu juu yake. Asubuhi ukiikuta sarafu imezama, mzigo uliyeyuka usiku hata kama sasa umeganda tena. Samaki ambaye bado ana barafu ndani anaweza kurudishwa. Aliyelainika na kupata joto asigandishwe upya kwa kuuzwa.

Mkiona hiyo haitoshi, hapo ndipo fedha iende kwenye betri inayojulikana kuwa betri. Kwa friza mbili za wati 120 hivi kila moja, zinazofanya kazi nusu ya muda, saa 8 za giza zinahitaji kama uniti moja. Betri ya lithiamu ya chuma-fosfeti ya volti 25.6 na ampea-saa 100 ina uniti 2.5. Tumia asilimia 80 yake na ukitoa upotevu wa inveta bado unavuka saa 8 na ziada. Inveta iwe ya wimbi safi (pure sine wave), wati 2,000 au zaidi, yenye uwezo wa kubeba msukumo wa maradufu kwa muda mfupi, kwa sababu kompresa ikianza inavuta mara 5 hadi 8 ya kawaida yake. Kila friza iwe na kifaa chake cha kuilinda cha kuchomeka katikati ya plagi na soketi, kimoja kikicheleweshwa dakika 3 na kingine dakika 6, zisiamke pamoja. Kati ya betri na inveta waya uwe wa milimita za mraba 25 hadi 35, na fyuzi ya umeme wa DC, yaani umeme wa betri, ya ampea 125 karibu kabisa na betri. Usikubali sakiti breka ya kawaida ya nyumbani hapo. Cheche za DC hazikatiki kirahisi.

Sola mnaweza kuongeza baadaye. Kwa uniti 3 kwa siku na jua letu, paneli mbili za wati 400 zinatosha. Zielekee kaskazini kwa mwinamo wa nyuzi 10 hadi 15, fremu ya alumini, bolti za chuma kisichoshika kutu. Zioshwe chumvi kwa maji baridi asubuhi, si mchana kioo kikiwa cha moto. (Kwa wasomaji wa Tandahimba na Newala: msimu wa kupulizia salfa mikorosho, osheni mara nyingi zaidi, na gunia la salfa lisilale chumba kimoja na inveta. Vumbi lake linawaka, tena linaigeuza shaba kuwa nyeusi.)

Kufunga hivi vyote ni kazi ya fundi mwenye leseni ya EWURA, mamlaka ya udhibiti wa nishati na maji. Mwombe akuoneshe leseni kabla ya kukubaliana bei, afunge swichi ya kubadilishia ili umeme wa inveta na wa Tanesco visikutane kamwe, na apime ethi (waya wa kwenda ardhini) mbele yako. Ukikosa wa kumwamini, ulizia chuo cha ufundi cha VETA Mtwara. Na kama mmeshatoa kishika uchumba kwa yule kijana, dai kwa maandishi ukiwa na shahidi, tunza ujumbe wa muamala wa simu na picha ya stika, na akizungusha nenda polisi mapema, kabla namba yake haijazimwa. Mwekahazina wa vikoba mwambieni leo. Katika kikundi cha watu wote hao, huenda si ninyi peke yenu mliooneshwa balbu.